Noti Iliyojaa Nusu

Nilikuwa mpishi katika nyumba moja ya Lavington kwa miaka sita, na miaka miwili ya mwisho niliongea na mwajiri wangu kwa noti za muziki. Watu wakisikia hivyo hudhani natia chumvi. Naeleza ilivyokuwa.

Memsabu alikuwa mjane wa Kizungu, umri wake sitini na kitu, mwembamba, mkali kwa habari ya vumbi. Mumewe alikufa kabla sijaajiriwa. Memsabu mwenyewe alikuwa amefundisha watoto wa Kizungu kupiga piano kwa muda mrefu, na piano yake nyeusi ilikaa sebuleni, juu yake picha ya kijana aliyevaa sare za jeshi. Siku yangu ya kwanza alinionyesha namna ya kuipangusa ile picha bila kuacha alama za vidole kwenye kioo.

"Hii ndugu yangu," alisema. "Kufa zamani, vita ya kwanza."

Kiswahili chake kilikuwa hicho cha jikoni, lakini kilitutosha. Alisema leta, nikaleta. Alisema toa, nikatoa. Mambo mengine hatukuwa na sababu ya kuyasema.

Mimi nilitoka Bunyore. Nilisoma shule ya misheni miaka minne tu, na nilichokijua vizuri nilipoondoka pale kilikuwa kuimba. Mwalimu wetu aliandika do, re, mi ubaoni kwa herufi, akawa anazigusa kwa kijiti, moja baada ya nyingine, nasi tukitoa sauti. Baada ya mwaka mmoja niliweza kusoma wimbo nisiopata kuusikia. Nilipofika Nairobi ujuzi huo haukuwa na mtu wa kuutaka. Nikajifunza kupika.

Ugonjwa wa Memsabu ulikuja asubuhi moja. Nilikuwa nasubiri maji ya chai yachemke, nikasikia kishindo chumbani. Nilimkuta sakafuni kando ya kitanda, macho yamefunguka, upande wa kulia wa uso umeteremka. Nilimfunika blanketi, nikampigia simu mwanawe, ambaye alifanya kazi katika ofisi ya bima mjini. Huyo nilimwita Bwana Mdogo, ingawa alikuwa amenizidi umri. Alizaliwa hapa hapa na Kiswahili chake kilikuwa kizuri kuliko cha mama yake.

Memsabu alikaa hospitali wiki saba. Alirudi kwenye kiti cha magurudumu, mkono na mguu wa kulia umekufa. Maneno yote yalikuwa yamemtoka, ya Kiingereza na ya Kiswahili, isipokuwa moja. Aliweza kusema "bado."

"Memsabu, nilete chai?"

"Bado."

"Chai imepoa, nikuletee nyingine?"

"Bado."

Alikuwa anasema bado huku anatikisa kichwa kukubali, au analia, au anacheka. Daktari alieleza kwamba akili yake ni nzima ila njia ya maneno imekatika. Alimpa penseli ashike kwa mkono wa kushoto aandike anachotaka. Herufi pia zilikuwa zimeondoka. Penseli ilizunguka juu ya karatasi kama inzi, akaitupa.

Siku hizo Hali ya Hatari ilikuwa imekaza. Mtunza bustani wetu alichukuliwa na askari siku ya msako, hakurudi. Mama aliyekuwa akituletea mboga kutoka Kabiria aliacha kuja, kwa sababu vijiji vya upande ule vilikuwa vimezungushiwa mitaro na watu walitoka kwa saa maalumu tu. Nikawa nanunua mboga Westlands kwa Mhindi. Nyumbani tulibaki mimi, yeye, na mwanamke mmoja wa Kijaluo aliyekuja asubuhi kumwosha na jioni kumlaza. Bwana Mdogo alikuja Jumapili.

Mwezi wa pili baada ya kurudi, nilikwenda kuchukua trei ya kifungua kinywa nikakuta amechora nyuma ya bahasha. Mistari mitano, iliyopinda lakini mitano, na juu yake noti tatu. Hizo nilizitambua, kwani nilikuwa nikipangusa vitabu vyake vya piano kila wiki. Jumapili Bwana Mdogo aliketi kwenye piano akazipiga. Alizipiga mara mbili tatu, akabadilisha huku na huku, akamwuliza mama yake ni wimbo gani. Memsabu alipiga mkono wa kiti kwa hasira. "Bado! Bado!" Bwana Mdogo akafunga piano.

"Anakumbuka vipande vipande," aliniambia mlangoni. "Usimkatalie karatasi. Angalau inampa kazi."

Kesho yake Memsabu alinielekezea sanduku la bati lililokuwa juu ya kabati. Nililishusha. Alinifanya nitoe kila kitu, barua, glavu, kofia ya mtoto, mpaka chini kabisa ambako kulikuwa na daftari lenye jalada gumu lililoliwa na mende pembeni. Alilipiga kwa kiganja cha kushoto, maana yake fungua.

Lilikuwa daftari la watoto. Kwenye ukurasa wa kwanza walikuwa wamejichora wawili, msichana na mvulana, wamesimama juu ya kilima chenye miti ya buluu, na nyuma yao mto uliokuwa unapanda mlima badala ya kuteremka. Nilimtazama Memsabu, nikaitazama picha iliyo juu ya piano. Alitikisa kichwa kukubali. Ilikuwa nchi waliyoitunga wao wenyewe, yeye na ndugu yake. Maandishi ya Kiingereza yalikuwa machache nami Kiingereza changu kilikuwa kidogo, lakini michoro ilijieleza. Katika nchi hiyo hakukuwa na duka wala shamba wala jiko. Mtu akitaka kitu alikiandika kwa noti, nacho kikaja. Mkate uliingia kwa dirisha. Mlango ulijifungua. Mvua ilinyesha juu ya bustani moja ikaacha ya jirani.

Ila kulikuwa na sharti, nalo lilichorwa ukurasa mzima. Msichana ameshika kalamu, na mdomoni mwake kumepigwa mstari mwekundu. Mvulana amesimama mbele ya karatasi, kinywa wazi. Nyuma ya mvulana mkate unaruka. Ukurasa wa pili wamebadilishana. Aliyeandika haimbi. Wimbo usipopata mtu mwingine wa kuuimba, unabaki wino tu.

Memsabu alichukua penseli. Alichora mistari yake mitano, akaweka kwenye ule wa chini noti moja yenye kichwa kitupu, mkia juu, na kwenye mkia kitanzi kidogo. Nilitafuta kitanzi hicho ndani ya daftari. Kando yake walikuwa wamechora kikombe.

"Chai," nilisema, nikageuka kwenda jikoni.

"Bado!"

Nilirudi. Alijifunika mdomo kwa kiganja, kisha akanielekezea kidole. Nilielewa, na niliona haya. Nilikuwa mtu mzima wa miaka thelathini, nimevaa kanzu na mshipi, nimesimama katikati ya chumba cha mwanamke wa Kizungu. Nilitazama dirishani kama kuna mtu, kisha nikaufanya mstari wa chini kuwa do, nikaimba ile sauti moja, kwa chini. Ndipo nikaenda nikaleta chai. Alicheka kwa nusu ya uso iliyobaki. Alikunywa yote.

Hivyo ndivyo nilivyojifunza. Ilichukua kama miezi mitatu. Mstari wa chini ulikuwa wa vyakula na vinywaji, wa pili wa maji na safari, wa tatu wa watu, wa nne wa nyumba na moto, wa juu wa anga. Noti yenye kichwa kitupu ilikuwa na maana ya nataka, nayo iliimbwa kwa kuvuta. Yenye kichwa cheusi ilikuwa sitaki, nayo iliimbwa kwa kukata. Mkia ukielekea juu, kitu kinakuja. Ukielekea chini, kinakwenda. Nilikosea mara nyingi. Siku moja nilisoma mkia vibaya, nikamfungulia mlango paka wa nje, kumbe Memsabu alikuwa ameomba wa ndani atolewe, na badala ya paka mmoja tukawa na wawili.

Sisemi kwamba kulikuwa na uchawi. Chai ililetwa na mimi. Mara moja aliandika mvua kwenye mstari wa juu, nikaimba, na siku ya pili ikanyesha, lakini ulikuwa mwezi wa nne na mawingu yalikuwa yameshajaa upande wa Ngong. Hata hivyo alinitazama siku ile kama mtu aliyelipwa. Kuanzia hapo alianza kula vizuri.

Karatasi za mistari alizobaki nazo tangu enzi za kufundisha zilikwisha, nikatumwa mjini. Kulikuwa na duka la ala za muziki karibu na Barabara ya Bazaar, na ndani yake Mgoa mzee aliyevaa tai. Alihudumia kila mtu kwanza, kisha akaniuliza nimetumwa na nani. Nilipompa barua ya Bwana Mdogo alifunga kifurushi. Nilikuwa nimekunja mfukoni ukurasa mmoja wa Memsabu, kwa sababu nilitaka kusikia unavyolia kwenye piano ya mtu anayejua.

"Tafadhali, Bwana, hii inasemaje?"

Aliitazama, akaiweka kwenye piano iliyokuwa dirishani, akapiga. Ilikuwa mbaya. Sauti zilirukaruka bila kufuatana. Wateja wawili waligeuka.

"Nani ameandika?"

"Memsabu wangu. Anaumwa."

"Mkono wake unatetemeka, lakini unajua kazi," alisema. "Lakini huu si wimbo. Hauna mwanzo, hauna mwisho. Mwambie apumzike."

Nilimshukuru. Sikumwambia kuwa alikuwa amepiga samaki wa kuchemsha na viazi, mchuzi wa maziwa pembeni, na dirisha lifungwe.

Bwana Mdogo alijua kwamba tunaelewana, mimi na mama yake. Aliona chakula kinachokuja ndicho alichotaka mama yake. Nilijaribu kumweleza mara moja, nikafungua daftari. Alisikiliza kwa adabu. "Mama hakuwahi kunionyesha hiki," alisema, na sauti yake haikuwa ya kufurahi. Hakutaka kujifunza. Nadhani aliona si sawa kwamba mpishi ajue kitu hicho naye asijue, na kwamba ili ajue ingebidi afundishwe na mpishi. Sikumlaumu. Ningekuwa yeye labda ningefanya vivyo hivyo.

Mwaka wa pili, Memsabu alianguka tena, mara hii kidogo. Mkono wa kushoto haukufa, ila ulichoka. Noti zake zikawa kubwa, zikavuka mistari. Wiki chache baadaye Bwana Mdogo alikuja siku ya kazi, jambo ambalo halikuwa kawaida yake. Aliniita sebuleni, mama yake akiwa kwenye kiti karibu na dirisha.

"Nataka kumpeleka Uingereza," alisema. "Dada yangu ana nafasi nyumbani kwake, na kuna daktari karibu. Hapa mambo si mazuri. Nyumba itauzwa. Nimemwambia mama, lakini sijui anafikiri nini. Wewe unasema unasoma karatasi zake. Mwulize."

Nikasema sawa. Lakini alikuwa hajamaliza.

"Ninajua utakachosema," aliendelea, bila ukali. "Ukiniambia anataka kukaa, nitaelewa. Kila mtu anaangalia kazi yake."

Maneno hayo yaliniingia. Nilikuwa na mke na watoto watatu nyumbani ambao walikula kwa kazi ile, ndiyo, na nilikuwa nimeshafikiri juu ya hilo kabla yeye hajalisema. Ndiyo maana yaliniuma.

Niliweka karatasi kwenye ubao mapajani mwa Memsabu, nikampa penseli. Alichukua muda mrefu. Bwana Mdogo alisimama mgongo kwetu, anatazama bustani. Memsabu alipomaliza niliichukua karatasi.

Mstari wa tatu, wa watu, alikuwa amejiandika mwenyewe kwa alama ile ya msichana iliyokuwa kwenye daftari. Mkia ulielekea chini: kwenda. Ukashuka mpaka mstari wa maji, wenye alama ya wimbi, yaani safari ya mbali. Mpaka hapo hakuna shaka. Swali lilikuwa kichwa cha noti. Kama ni kitupu, anataka kwenda. Kama ni cheusi, hataki. Nacho kilikuwa kimejaa nusu. Alikuwa ameanza kukipaka penseli akaacha, au mkono ulimteleza katika kukizungusha na kuacha kivuli ndani. Nilipeleka karatasi kwenye mwanga. Kilibaki nusu.

"Memsabu," niliinama, "unataka au hutaki?"

"Bado," alisema.

Nilimrudishia penseli. Aliusukuma mkono wangu. Alijifunika mdomo kwa kiganja, akanielekezea kidole, kama siku ya kwanza. Yeye alikuwa ameshaandika. Ilibaki mimi niimbe.

"Anasemaje?" aliuliza Bwana Mdogo.

Ningeweza kusema sijui. Nimelifikiria jambo hilo kwa miaka mingi na bado naona ndilo lililokuwa jibu. Lakini nilihisi kwamba Bwana Mdogo ananisubiri niseme anataka kukaa, ili athibitishe alivyonijua. Sikutaka kumpa nafasi hiyo. Nikafungua kinywa nikaimba ile noti kwa kuvuta, ndefu, mpaka pumzi ikaisha.

"Anataka kwenda, Bwana."

Aligeuka haraka. Hakutegemea. "Una hakika?"

"Ndivyo alivyoandika."

Memsabu alifumba macho. Sikuweza kusoma uso wake, kwa kuwa nusu moja haikusema kitu na nusu nyingine ilikuwa upande wa dirisha.

Kufungasha kulichukua wiki tatu. Nilifunga vyombo kwa magazeti. Piano ilinunuliwa na shule moja, ikabebwa na watu wanane. Daftari nililiweka chini kabisa ya sanduku lake la bati, mahali lilipokuwa. Kila asubuhi nilimwekea karatasi na penseli kando ya chai, na kila adhuhuri niliichukua karatasi ikiwa safi. Hakuandika tena. Nikawa napika ninachokisia. Alikula kidogo, bila kulalamika.

Niliwasindikiza stesheni. Nilisukuma kiti mpaka mlango wa behewa, mimi na mchukuzi tukampandisha. Alishika mkono wa kanzu yangu kwa muda, kisha akaachia, akatazama upande mwingine ambako walikuwa wakipakia makreti ya vinywaji. Bwana Mdogo, aliyekuwa akimpeleka mpaka Mombasa amkabidhi kwa muuguzi wa melini, alinipa barua ya kunisifu kwa mwajiri mwingine. Iliandikwa kwamba najua kupika, ni msafi, na ni mkweli.

Kwa barua hiyo nilipata kazi jikoni mwa hoteli moja mjini. Tulikuwa wapishi saba. Hapo maagizo yaliandikwa kwenye vikaratasi kwa herufi za kawaida, na mtu wa mlangoni akayasoma kwa sauti. Nilizoea upesi. Jumapili niliimba kwaya, nikisoma do, re, mi kama zamani, na baada ya muda alama za lile daftari zilianza kunichanganyikia. Kwanza nilisahau za anga, halafu za nyumba.

Karibu miaka miwili baadaye, saa tano asubuhi hivi, niliambiwa kuna Mzungu ananitafuta nyuma, mlango wa kuingizia mboga. Alikuwa Bwana Mdogo. Alikuwa amenenepa kidogo na ameshika kofia mkononi.

"Mama alifariki mwezi uliopita," alisema.

"Pole sana, Bwana."

"Asante. Nimeona ni vizuri ujue." Hakuondoka. Alitazama magunia ya viazi. "Dada yangu anasema alikaa dirishani muda wote. Walimpa karatasi. Hakuandika chochote." Kisha akaniuliza, "Siku ile. Ni kweli alisema anataka kwenda?"

"Kichwa cha noti kilijaa nusu, Bwana. Sikujua."

"Lakini uliimba."

"Niliimba."

"Kwa nini hukusema hujui?"

"Ungenisadiki?"

Alifikiri. Nilimpa heshima kwa hilo, kwamba alifikiri kweli. "Hapana," alisema. "Ningesema unatafuta njia ya kubaki na kazi." Akageuza kofia mkononi. "Nilikuwa nimeshakata tiketi ya meli. Wiki mbili kabla. Hilo sikukuambia."

Nilisema sikulijua. Sikuona kama habari hiyo ilinipunguzia lawama, wala sidhani yeye ilimpunguzia. Tulisimama pale, mwenye mboga akaja na mkokoteni, tukampisha.

"Kuna nini cha kula leo?" aliuliza.

"Kondoo wa kuoka, na maharagwe mabichi."

"Nitakaa nile, basi."

Alizunguka akaingia kwa mlango wa mbele. Nilimkatia nyama mwenyewe, sehemu ya karibu na mfupa, nikampa mhudumu apeleke. Sahani yake ilirudi baada ya nusu saa pamoja na nyingine za ukumbini. Wakati huo ukumbi ulikuwa umejaa, na mtu wa mlangoni alikuwa anasoma vikaratasi vinne kwa mpigo.